Gauni la hanamu limenishinda. Huyu Vionnet alifanyaje?

Fundi_Kiyembe:
Mafundi wenzangu, salamu kutoka Kampala. Bibi harusi mmoja aliniletea picha ya gauni la satini, la kubadilisha akishavua gomesi, vazi letu la heshima, siku ya kwanjula, sherehe ya kumtambulisha bwana harusi kwao. Linamlalia mtu mwilini kama maji. Chini ya picha: Madeleine Vionnet, Paris. Nikakata hanamu, yaani mshazari wa kitambaa, nikapinda siku ileile. Asubuhi pindo limeshuka inchi mbili upande mmoja, kama mkia wa mbuzi! Satini nyingine nimenunua kwa hela yangu. Huyu mama alikuwa nani?

Bint_Bombo:
Pole, fundi. Umeharakisha pindo. Ukikata hanamu, nyuzi zinalala mshazari, uzito unakivuta kitambaa kidogo kidogo, na si kila upande unashuka sawa. Litundike siku mbili, kisha pima pindo kutoka sakafuni kwenda juu, usipime kutoka kiunoni.

Vionnet alizaliwa 1876, akaingia ushonaji angali mtoto. Alifanya kazi London, akarudi Paris kwa akina dada Callot, wenye nyumba ya mitindo, na 1912 akafungua nyumba yake ya mitindo. Hanamu mafundi walikuwa wakiijua, ila kwa kola na vipande vidogo. Yeye akaikatia gauni zima. Tena hakuanza na mchoro. Alikuwa na mwanasesere mdogo wa mbao, akimzungushia kitambaa na pini mpaka kikae, ndipo akikuze kwa kipimo cha mtu. Krepu, kitambaa laini chenye mikunyanzi midogo, aliagiza ifumwe kwa upana wa mita 2 hivi. Wewe na kitambaa chako cha upana wa inchi 45 cha Kiyembe utaunga tu, na kiungo nacho kifuate hanamu, la sivyo kitakunja uso.

Walipozidi kumwiga, akaanza kupiga alama ya kidole gumba chake kwenye lebo.

Mzee_wa_Mbale:
Mimi simsifii gauni. Kule Avenue Montaigne, alikohamia 1923, aliajiri watu zaidi ya 1,000, na walikuwa na zahanati, daktari wa meno, na likizo ya kulipwa. Nimeshonea tajiri mmoja miaka sita. Mwenzetu alijifungua Ijumaa, Jumatatu yuko kwenye cherehani, mtoto kwenye boksi la nyuzi.

Bint_Bombo:
Na likizo ya uzazi pia, mzee. Alifunga vita vya pili vilipoanza, akafariki 1975, miaka 98.

Fundi_Kiyembe:
Asante, dada. La pili nimelitundika tangu jana, limeshashuka nusu inchi na mkasi sijalitia. Bibi harusi anapiga simu kila saa. Nimemwambia gauni linapumzika.