Orkestra za studio: chama kililinda mkate wa nani?

Wadau, wengi humu mmemlaumu James Petrillo, rais wa chama cha wanamuziki wa Marekani, kwa kuwakataza wanachama wake kupiga muziki kwenye televisheni tangu 1945 hadi Machi 1948. Mimi namtetea. Sinema zilipoanza kutoa sauti, maelfu ya wanamuziki waliokuwa wakipiga kwenye majumba ya sinema walipoteza kazi. Alitaka kwanza ijulikane chombo hiki kipya kitawafanyia nini watu wake.

Zuio lilipoondoka, Juni mwaka huohuo kituo cha televisheni cha CBS kikaanza kipindi cha burudani cha Ed Sullivan, Ray Bloch akiongoza orkestra. Hebu fikirieni kazi ile. Jumapili usiku, moja kwa moja hewani, hakuna kurudia. Anatoka mwimbaji wa opera, anaingia mwanasarakasi, kisha mchekeshaji, kila mmoja na nota zake. Mwanasarakasi akichelewa kuruka, mpiga dramu humtazama yeye, si karatasi. Watu wa ustadi huo walistahili mshahara wa uhakika.

Lakini mshahara huo aliupata nani? Hapa ndipo roho inaniuma. Los Angeles, wanamuziki Weusi walikuwa na tawi lao la chama, namba 767. Wazungu walikuwa na tawi namba 47, na kazi za studio ziliishia huko. Buddy Collette, mwanamuziki Mweusi, aliingia kwenye kipindi cha mchekeshaji Groucho Marx kwa sababu Jerry Fielding, kiongozi wa orkestra, aliamua kumchukua. Yeye na wenzake walipigania matawi yaungane, ikawezekana 1953. Clark Terry, naye Mweusi, alikuwa amekwishapiga tarumbeta kwenye bendi kubwa za jazi za Count Basie na Duke Ellington, na bado kituo cha NBC kilimwajiri 1960 tu!

*Mchangiaji wa pili:* Mkuu, hapo unakionea chama. Aliyeajiri ni kituo, na kituo kilimwogopa mfadhili wa matangazo, naye mfadhili aliwaogopa wateja wabaguzi wa majimbo ya Kusini. Petrillo angefanya nini?

*Mleta mada:* Ndugu yangu, woga huo ulikuwepo, sikatai. Ila matawi hayakuwa mali ya kituo wala ya mfadhili, yalikuwa ya chama chenyewe. Chama kilichoweza kuinyima televisheni ya nchi nzima wanamuziki kwa miaka mitatu kilishindwaje kuunganisha matawi mawili ya mji mmoja, mpaka wanachama wa kawaida wakahangaika wenyewe?