MJADALA: Filamu za nyumba zilizolipuliwa vitani, nani ana haki ya kuzifungia?

Wadau, kila vita vinapozuka hoja hii inarudi: picha za mitaa iliyopigwa mabomu zionyeshwe wazi, au zizuiwe kulinda heshima ya waathirika? Mimi nasema zionyeshwe, na aliyerusha bomu asiachiwe kuwa mtunza picha.

Tazameni Hiroshima na Nagasaki, miji ya Japani iliyopigwa mabomu ya atomiki na Marekani. Baada ya Agosti 1945 wapigapicha wa kampuni ya Kijapani, Nippon Eigasha, waliingia na kamera kwenye majivu yale. Oktoba jeshi la Marekani likawasimamisha, kisha likawaruhusu wamalize chini ya usimamizi wake. Mwaka 1946 filamu ikachukuliwa kwenda Marekani, ingawa Wajapani wachache walifanikiwa kuficha nakala. Wamarekani nao walipiga filamu yao ya rangi, wakaifanya siri.

Filamu ya Kijapani inaonyesha vigae vya paa vilivyotoka mapovu kwa joto. Inaonyesha vivuli vilivyochapika kwenye kuta na mawe kwa mmweko wa bomu, vinavyopimwa ili kujua bomu lililipukia juu kiasi gani. Hapo ndipo panaponiuma: hesabu ya bomu ipo, lakini ile nyumba ilikuwa ya nani? Saa mbili na robo asubuhi, bomu lilipolipuka Hiroshima, nani alikuwa jikoni?

Marekani ilirudisha nakala mwaka 1967. Serikali ya Japani yenyewe ikakata sehemu za majeruhi kabla ya filamu kuonyeshwa kwenye televisheni mwaka 1968, eti kuwastahi waathirika. Na waathirika walisemaje? Taniguchi Sumiteru aliungua mgongo mzima Nagasaki akiwa na miaka 16, akisambaza barua kwa baiskeli. Wamarekani walimpiga filamu akiwa amelala kifudifudi. Baadaye alisimama mbele za watu miaka na miaka akiwaonyesha picha ile mwenyewe, alifariki 2017. Tena miaka ya 1980 Wajapani wa kawaida walichangishana, kila mchangiaji akilipia futi 10 za mkanda, wakanunua nakala kutoka hifadhi ya nyaraka ya taifa ya Marekani.

Mzazi asiyetaka maiti ya mwanawe ionekane, namwelewa kabisa. Aulizwe, na akikataa iwe basi. Ila mtaa uliobaki nguzo tupu si siri ya jeshi lolote. Mnaopinga, nijibuni hili: kama kilichokuwa kikilindwa ni heshima ya watu, mbona na picha za magofu yasiyo na mtu hata mmoja zilifungiwa?