Mrejesho: ile lenzi ya 18-55mm niliyoulizia

Wakuu, niliuliza kama lenzi ya kamera, ile ya bei nafuu ya 18-55mm f/3.5-5.6 (namba ya f ni kipimo cha tundu la kupitisha mwanga; ikiwa ndogo, tundu ni kubwa), inamfaa anayeanza kupiga picha, au nijichange nipate ya f/2.8. Nilichukua hiyo ya bei nafuu na sijuti. Mchana, nikibana tundu hadi f/8, picha zinatoka safi mpaka pembeni. Shida ni ndani, jioni: ukivuta (zoom) hadi 55mm tundu linaishia f/5.6, mwanga unaoingia ni robo tu ya ule wa f/2.8, basi ISO (wepesi wa kamera kuhisi mwanga) inapanda na chenga zinajaa kwenye picha. Ushauri wenu wa kuegemea ukuta na kushusha spidi ya shata hadi 1/15 ya sekunde umenisaidia sana kwa vitu vilivyotulia. Watoto wakikimbia, bado wanatoka na ukungu. Asanteni mno.