Jiwe la Symmachus: miaka ya vyeo, na mbona vyeo ni vichache?

Msomamawe
Wakuu, natafsiri jiwe la Quintus Aurelius Symmachus, seneta wa Roma aliyefariki 402 (namba 1699 katika juzuu la VI la CIL, mkusanyo wa maandishi ya Kilatini). Vyeo vyake: quaest. na praet. (kwestori na praetori, vyeo vya mwanzo vya seneta), pontifici maiori (kuhani), correctori Lucaniae et Brittiorum, comiti ordinis tertii, procons. Africae, praef. urb. (prefekti, msimamizi wa jiji), cos. ordinario (konsuli). Jiwe halina tarehe. Miaka niitoe wapi? Na kwa mtu mkubwa hivi, mbona kazi ni chache?

Kalamu ya Mwanzi
Mkuu, miaka itafute kwenye sheria ambazo makaisari walimwandikia mhusika. Katika Kodeksi ya Theodosius, mkusanyo wa sheria za makaisari, ipo ya 365, akiwa corrector, yaani gavana wa Lucania na Bruttii kusini mwa Italia, na ya 373 akiwa liwali wa Afrika. Afrika hiyo ni jimbo la Karthago, Tunisia ya leo. Ukiandika "Afrika" tupu, msomaji ataona bara zima. Uprefekti wa jiji la Roma ni 384 hadi mwanzoni mwa 385. Ukonsuli ni 391.

Mitego mitatu. Ukuhani (pontifex) haumo kwenye ngazi ya vyeo, ulishikwa maisha yote, kwa hiyo usiutafutie mwaka kati ya upraetori na ugavana. "Comes" wa daraja la tatu ni heshima tu, si kazi. Inahusishwa na safari yake ya mji wa Trier, alipompelekea Kaisari Valentinian wa Kwanza dhahabu ya seneti. Na "ordinario" usiitafsiri "konsuli wa kawaida"! Ni yule aliyeanza Januari na mwaka ukaitwa kwa jina lake. Kinyume kabisa cha kawaida.

Pwani Kale
Uchache wa kazi usikushangaze. Seneta wa tabaka lile alishika cheo mwaka mmoja hivi, akarudi kwenye mashamba yake miaka minane, kumi. Cheo kiliongeza hadhi, lakini riziki ilitoka shambani. Uprefekti wenyewe ulikuwa mzigo: chakula cha jiji, kesi, ghasia. Zimebaki ripoti 49 alizowaandikia makaisari. Ya tatu ndiyo ile ya kuomba madhabahu ya mungu wa kike Ushindi irudishwe kwenye ukumbi wa seneti, Ambrose, askofu wa Milan, akaipinga.

Jiwe pia linanyamaza panapouma. Alimsifu kwa hotuba Magnus Maximus, mnyang'anyi wa kiti cha ukaisari. Maximus aliposhindwa 388, Symmachus, mpagani huyo, alikimbilia kanisani. Kaisari Theodosius alimsamehe, na miaka mitatu baadaye akawa konsuli.

Pesa zilikwenda kwenye michezo ya hadhara ambayo mwanawe Memmius alipaswa kuitoa alipopata vyeo. Ya upraetori, 401, mwanahistoria Olympiodorus anaitaja kuwa ratili 2,000 za dhahabu. Ratili ya Kirumi ilitoa sarafu 72 za dhahabu ziitwazo solidus, kwa hiyo ni solidus 144,000, na bado anamhesabu kuwa seneta wa mali ya wastani! Maandalizi yalichukua miaka: farasi wa kuagiza Hispania, wanyama wa kusafirisha. Na mambo yaliharibika. Kwenye michezo ya ukwestori, 393, mateka 29 wa Kisaksoni walinyongana kabla ya kuingia uwanjani. Safari nyingine mamba waligoma kula.

Msomamawe
Asanteni. Jiwe jirani, CIL VI 1782, ni la Nicomachus Flavianus, limewekwa na huyo Memmius "prosocero optimo". Ni baba mkwe wake?

Kalamu ya Mwanzi
Hapana, baba mkwe ni "socer". "Prosocer" ni babu wa mke: Memmius alioa mjukuu wa Flavianus. Dada yake Memmius naye aliolewa na Flavianus mdogo, mwana wa mzee huyo. Ukichora ukoo weka mistari miwili kati ya nyumba hizo. Mzee alijiua 394 baada ya upande wake kushindwa na Theodosius katika vita vya Frigidus, na mwanawe akadaiwa arudishe mshahara wa baba. Symmachus ndiye aliyehangaika kumwombea.

Mama yake Memmius ni Rusticiana, binti wa Orfitus aliyekuwa prefekti wa jiji mara mbili. Jina hilo likizuka tena kwa mke wa mwanafalsafa Boethius, ni mwingine: binti wa Symmachus aliyekuwa konsuli 485.