Mume akileta unga na kulipa ada ndiyo basi? Nimechoka kuishi na mtu asiyeongea na mimi

Wakuu, leo nina hasira na sipunguzi neno.

Mume wangu hanipigi, halewi, ada ya watoto analipa. Kila nikilalamika nakumbushwa hayo hayo. Mama mkwe: "Analala nyumbani, unataka nini tena?" Shoga zangu nao: "Ungempata wa kwangu ungekoma." Kwa hiyo kwa kuwa wengine wanapigwa, mimi ninyamaze?

Mtu anaingia saa tatu usiku, "za hapa," anakula macho yakiwa kwenye simu, kisha kitandani anageukia ukutani. Juzi nimetoka hospitali na mama yangu, kaambiwa lazima apasuliwe. Namweleza huku natetemeka. Kajibu "sawa". Hata sahani sijaitoa mezani, rafiki yake kapiga, katoka kibarazani, wamechambua mechi ya Yanga mpaka anakohoa kwa kucheka. Kumbe maneno anayo! Mimi tu ndiye ananinyima. Angekuwa mkimya kwa kila mtu ningesema ndivyo alivyo.

Nikaenda baraza la usuluhishi wa ndoa. Talaka sitaki, nilitaka tuitwe wote wawili tuongee. Mzee wa pale kaniuliza, "Amekupiga? Ana mchepuko?" Nikasema hapana. "Basi mama, rudi nyumbani, mpikie vizuri." Hata kumwita hakumwita!

Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kifungu cha 107, inataja ukatili wa kiakili pamoja na wa kimwili. Sisemi mume wangu ni mkatili, ila sheria inakubali kwamba mtu anaumia bila kuguswa. Na kwa kawaida huwezi kufungua shauri la talaka kabla hujapita barazani, kwa hiyo baraza ndipo mahali pa kuiokoa ndoa. Leo aliyekaa pale anataka aone manundu ndipo asikilize!

Na wanaume mliomo humu, msiniletee "tumeumbwa hivyo". Huyu huyu wakati ananichumbia tulikuwa tunaongea usiku mpaka vocha inakata.

Nimeshamuuliza kwa upole, nimeshamuuliza kwa kilio, jibu ni "niko poa". Aliyewahi kuishi na mtu wa hivi na akafunguka, aniambie alianzia wapi. Na kama kuna mshauri wa ndoa hapa Dar anayewakalisha wote wawili, njooni PM mnielekeze. Hata kesho naenda.