Chapman, Cronenweth au Kuras: nani wa kumsoma kwa anayeshuti muziki jukwaani?

Kibatari_Tanga
Wakuu, habari zenu. Nimezoea harusi na taarabu, sasa kuna bendi inataka niwarekodie onyesho zima. Nina kamera mbili na kijana mmoja wa kunisaidia. Kabla ya siku hiyo nataka nimsome mpigapicha mmoja tu, kwa kina. Nimebakiza watatu, kila mmoja na filamu yake ya onyesho la muziki: Michael Chapman (The Last Waltz), Jordan Cronenweth (Stop Making Sense) na Ellen Kuras (American Utopia). Mngechagua nani?

FundiTaa
Cronenweth, wala usijiulize. Katoka kwenye filamu ya Blade Runner ya 1982, Desemba 1983 yuko ukumbi wa Pantages, Hollywood, na bendi ya Talking Heads. Mwimbaji wao David Byrne anaingia peke yake na gitaa na redio ya kaseti, halafu watu wanaongezeka wimbo kwa wimbo. Watazamaji huwaoni sawasawa mpaka karibu na mwisho. Kamera inamganda mwanamuziki, unaona jasho, unaona wanavyopeana ishara kwa macho.

Bi_Nuru
FundiTaa, usimponze mwenzetu. Ile ilishutiwa zaidi ya usiku mmoja, kisha ikaunganishwa. Yeye ana usiku mmoja, na hapo mtu wake ni Chapman. Ukumbi wa Winterland, San Francisco, 25 Novemba 1976, bendi iitwayo The Band wanaaga. Likipita limepita. Chapman mwenyewe alikulia kwenye kushika kamera, ndiye aliyeishika kwenye The Godfather na Jaws.

Ndiyo, walikuwa na kamera saba za milimita 35, hizo huna. Ila mwongozaji, Martin Scorsese, aliandaa maelekezo kwa maandishi: mstari huu wa wimbo, kamera ile, taa ile. Kalamu na karatasi unazo. Nenda mazoezini, ujue solo inaanzia wapi na nani anaipiga.

Na bado mambo yalienda mrama. Mkanda ukiisha, kamera lazima isimame. Inasimuliwa kwamba mwimbaji mgeni Muddy Waters alipoanza "Mannish Boy", nyingine zote zilikuwa zimesimama. László Kovács, mmoja wa walioshika kamera, alikuwa amevua hedifoni, hakusikia amri, akaendelea kushuti. Ndiyo maana sehemu kubwa ya wimbo ule tunaiona kwa pembe moja, na kwangu ndio bora kuliko zote mle.

Mzee_wa_Stendi
Kuras ni fundi hasa, filamu ya Heart of Gold ya mwanamuziki Neil Young pale ukumbi wa Ryman, Nashville, ni kazi yake, na aliyeongoza ni Jonathan Demme yuleyule wa Stop Making Sense. Lakini American Utopia ya 2020 haikusaidii, kijana. Mle David Byrne na wenzake wamebeba ala zao, hakuna waya, wanazunguka jukwaa zima, ndiyo maana kuna kamera inayowatazama kutoka juu. Bendi yako si itasimama palepale?

Mulushois
Yambo wote. Mbona hamumtaji Albert Maysles? Septemba 1974 alikuwa Kinshasa, yeye na wenzake kina Paul Goldsmith, kwenye tamasha lililotangulia pambano la ndondi la Ali na Foreman. James Brown, B.B. King, Miriam Makeba, Tabu Ley. Nyingi ya picha zile za tamasha zikakaa miaka na miaka hadi filamu ya Soul Power ya 2008. Kamera iko begani, mtu anafuata kinachotokea, hata mafundi wanaojenga jukwaa wamo. Mwenye kamera mbili ajifunze hapo.

Bi_Nuru
Kubali tu Mulushois, hao nao walikuwa wengi!

Kibatari_Tanga
Shikamoo Mzee, asante. Watasimama palepale, isipokuwa mwimbaji. Naenda na Chapman, ila kamera yangu nitaishika begani kama Maysles. Ya kijana iwe wapi?

Mzee_wa_Stendi
Marahaba. Iweke kwenye stendi karibu na fundi mitambo, juu ya vichwa vya watu, ichukue jukwaa zima bila kuzimwa. Ukikosa kitu begani, utakimbilia huko wakati wa kuhariri. Na sauti uichukue kwenye mikisa, ile mashine ya fundi ya kuchanganya sauti, usitegemee maiki ya kamera.

FundiTaa
Betri za akiba awe nazo kijana mfukoni, zisikae kwenye begi.