Mjadala: Karatasi ya namba mgongoni nayo ni mwili wa mrukaji?

Mleta mada

Wakuu, hili limenikaa moyoni tangu 2017 na leo nataka tulijadili.

London, tarehe 11 Agosti mwaka huo, fainali ya kuruka chini kwa wanawake, mashindano ya dunia. Ivana Španović wa Serbia anakimbia kwa mruko wake wa sita, ambao ndio wa mwisho. Anakanyaga kibao cha kurukia bila kukivuka, anatua mbali, bendera nyeupe ya mruko halali inapanda. Kwa macho, alama ya mwili wake iko mbele ya mita saba. Kipimo kinasoma 6.91.

Marudio ya picha yalionyesha kilichotokea. Karatasi ya namba mgongoni ilikuwa imelegea inaning'inia, nayo ikagusa mchanga nyuma yake. Wapimaji wakapima kutoka hapo. Serbia wakakata rufaa, ikatupwa.

Sasa tazameni matokeo. Brittney Reese 7.02, Darya Klishina 7.00, Tianna Bartoletta 6.97, Španović 6.96, aliyoiruka kabla ya ule wa mwisho, maana unahesabiwa mruko ulio bora. Wanawake wanne ndani ya sentimita sita! Miezi mitano kabla, mbele ya watu wake Belgrade, Španović alikuwa ameruka 7.24 ndani ya ukumbi na kutwaa ubingwa wa Ulaya. Alikwenda London akiwa katika kilele cha maisha yake ya mchezo, akarudi mikono mitupu kwa sentimita moja.

Msimamo wangu: karatasi ile haikuwa mwili wake. Mwandaaji ndiye aliyempa, na kanuni zinamkataza kuikata wala kuikunja. Haiwezekani kitu ulicholazimishwa kukivaa ndicho kikunyang'anye medali. Nyinyi mnaonaje?

Mchangiaji wa kwanza

Mkuu, nakuheshimu ila hapa huruma imekuzidi. Nimeshika futi kamba kwenye mashindano ya shule miaka mingi, na kazi ile ina swali moja tu: alama iliyo karibu zaidi na kibao iko wapi? Kanuni inasema wazi kwamba hesabu huanzia alama iliyo karibu zaidi iliyoachwa na sehemu yoyote ya mwili, au kitu chochote kilichokuwa kimeshikamana na mwili wakati alama inawekwa. Namba ilikuwa imeshikamana. Basi.

Ukisema karatasi isihesabiwe, kesho mwingine atakuja na mkia wa nywele, keshokutwa fulana iliyochomoka. Mwamuzi anaona mchanga uliochimbuka, hana namna ya kuuliza umechimbwa na nini.

Na tusisahau, kanuni hizo hizo zinamruhusu mrukaji kuvaa namba moja tu, kifuani au mgongoni. Ukichagua mgongoni, kagua pini zako kabla hujasimama kwenye njia ya kukimbilia.

Mchangiaji wa pili

Kwani huyu dada alikosa nini mwishowe? Shaba ya dunia Moscow 2013, ambayo ndiyo medali ya kwanza ya Serbia katika mashindano ya dunia ya riadha ya nje. Shaba nyingine Beijing 2015 kwa 7.01. Shaba ya Olimpiki Rio 2016 kwa 7.08. Ubingwa wa dunia wa ndani Birmingham 2018, tena Belgrade 2022. Halafu Budapest 2023, akiwa na miaka 33 na akitumia jina la Vuleta, akaruka 7.14 na kumwacha wa pili, Tara Davis-Woodhall, kwa sentimita 23. Ile dhahabu imefuta London yote.

Mleta mada

Nianze na mwalimu wa futi kamba, maana hoja yake ina uzito. Nakubali kwamba mwamuzi wa London alifuata kilichoandikwa. Simlaumu. Ninachobishia ni kanuni yenyewe. Nywele ni zako, fulana unaichagua wewe na timu yako. Namba ni mali ya mwandaaji, imewekwa kwa ajili ya watazamaji na matangazo. Hapo pana tofauti, na kanuni haiioni.

Kuhusu mwamuzi kutojua mchanga umechimbwa na nini: kwenye uwanja wa shule ni kweli. Lakini kwenye mashindano ya dunia kuna kamera kila pembe, na sisi tuliokuwa nyumbani tuliona karatasi ikigusa.

Sidai wapime kwa kukisia alama ya mwili, kwa sababu hapo ndipo ugomvi usingeisha. Nadai jambo dogo ambalo tayari limo kwenye kanuni. Mwanariadha akizuiwa na jambo lililo nje ya uwezo wake, mwamuzi mkuu ana mamlaka ya kumpa jaribio jingine. Waandike tu kwamba namba iliyobanduka ikiacha alama, mrukaji achague: akubali kipimo au arudie. Angeweza kurudia akaruka 6.80, na mimi nisingekuwa na neno. Angekuwa ameshindwa kwa miguu yake, kama Olimpiki ya Tokyo 2021 aliposhika nafasi ya nne kwa 6.91. Ile ya Tokyo hujasikia nikiilalamikia.

Na wewe mkuu wa pili, Budapest nilishangilia hadi sauti ikakauka. Ila dhahabu ya 2023 hailipi deni la 2017. Mrukaji ana fainali chache mno maishani, na mwili haumwambii mapema ya mwisho ni ipi. Berlin 2018, kwenye mashindano ya Ulaya, alifuzu fainali kwa 6.84 kisha kano ya kisigino ikamtoa kabla hajairuka. Mwaka 2024, akiwa bingwa wa dunia, kano ya kisigino ikamfungia mlango wa Olimpiki ya Paris. Kwa mtu ambaye mwili wake umemnyima fainali namna hiyo, ile moja ya London aliyofika mzima, mwenye nguvu, ilikuwa na thamani gani? Hilo ndilo nataka mnijibu.

Mchangiaji wa kwanza

Jaribio jingine naweza kulikubali. Ila liombwe palepale, kabla mchanga haujasawazishwa.